Baba alifuata ndege, mwana akafuata mijusi: Somo kwa wazazi wa chini ya Mlima Meru

Kinyonga akionekana kwenye ua wa nyumba, iwe Sakina, Ilboru, Tengeru au Usa River, mara nyingi hana muda mrefu wa kuishi. Mtoto hupiga kelele, mkubwa huja na fimbo au jiwe, na mambo huishia hapo. Mtoto akiuliza kosa la yule mnyama, huambiwa ana sumu, ana mkosi, au akikukamata haachii.

Kinyonga hana sumu. Hana meno ya kumdhuru mtu, na kwa mwendo wake hawezi kumkimbiza hata mtoto anayeanza kutembea. Akishikwa hufungua mdomo, hujaza pumzi na kutoa sauti ya kufoka, kwa sababu hiyo ndiyo njia yake ya kumtisha adui. Hofu hiyo watoto hawazaliwi nayo, wanaipata nyumbani.

Hasara yake kwa wakazi wa Arusha ni kubwa kuliko kwa wengine. Kwenye misitu ya Mlima Meru anaishi kinyonga mmoja mwenye pembe tatu puani na juu ya macho, mdogo kuliko ndugu zake wa Kenya. Aina hiyo haipo Ulaya, haipo Marekani, haipo hata katika milima mingine ya Tanzania. Makao yake duniani ni Mlima Meru tu.

Kitaalamu anaitwa Trioceros jacksonii merumontanus. Neno la mwisho ni la Kilatini cha kisayansi na maana yake ni "wa Mlima Meru". Jina hilo alilitoa kijana wa Kimarekani, Austin Stanley Rand, mwaka 1958. Maisha yake yana mengi ya kumfikirisha mzazi ambaye mtoto wake anapenda kuchungulia mijusi kwenye mawe badala ya kukaa kwenye kochi.

Nyumba ya mtazama ndege

Stanley Rand alizaliwa mwaka 1932 katika jimbo la New York. Baba yake, Austin Loomer Rand, alikuwa mtaalamu wa ndege aliyezaliwa Kanada. Miaka michache kabla mtoto hajazaliwa, baba huyo alikuwa Madagaska na msafara wa wanasayansi wa Ufaransa, Uingereza na Marekani, akikusanya na kuchunguza ndege wa kisiwa hicho. Baadaye alikwenda New Guinea kwa kazi hiyo hiyo, kisha akahamia kwenye makumbusho, kwanza Kanada na baadaye Chicago, alikokuwa mkuu wa kitengo cha wanyama katika Makumbusho ya Field.

Kwa hiyo mtoto alikulia katika nyumba ambayo kumtazama mnyama kwa saa nzima ilikuwa kazi ya kuheshimika, yenye mshahara. Katika nyumba ya namna hiyo, mtoto anayerudi amechafuka magoti kwa sababu ya kumfuatilia mjusi anapata mtu wa kumsikiliza.

Hata hivyo, mwana hakufuata ndege za baba. Alichagua reptilia na amfibia, yaani mijusi, vinyonga, nyoka na vyura. Baba alimpa tabia ya kutazama, na mnyama wa kutazama mwana akamtafuta mwenyewe. Kuna wazazi wengi ambao wangependa mtoto wa daktari awe daktari na mtoto wa mhasibu awe mhasibu. Familia ya Rand inaonyesha njia nyingine ya kurithisha: mtoto anarithi namna ya kufanya kazi, na uwanja wa kuifanyia anauchagua yeye.

Kinyonga wa Meru apata jina

Rand alisoma Chuo Kikuu cha Harvard, nchini Marekani. Chuo hicho kina makumbusho ya wanyama ambayo wakati huo yalikuwa na mkusanyiko mkubwa wa reptilia wa Afrika Mashariki. Sababu yake ni mtu mmoja, Arthur Loveridge, Mwingereza aliyefika Nairobi mwaka 1914 kufanya kazi kwenye makumbusho, kisha akafanya kazi katika idara ya wanyamapori ya Tanganyika. Mwaka 1924 Loveridge alihamia Harvard na kuanzia hapo alirudi mara kadhaa Afrika Mashariki kukusanya. Alistaafu mwaka 1957.

Mwaka mmoja baadaye Rand, akiwa bado kijana wa miaka ya ishirini, alichapisha makala fupi katika jarida la makumbusho hayo. Ndani yake alieleza kwamba kinyonga wa pembe tatu wa Mlima Meru anatofautiana na yule wa Kenya kiasi cha kustahili jina lake.

Yule wa Kenya alikuwa ameshapewa jina mwaka 1896 na George Albert Boulenger wa makumbusho ya London, kwa heshima ya Frederick Jackson, ofisa wa Kiingereza aliyekuja kuwa gavana wa Uganda. Rand hakusema wa Meru ni spishi tofauti kabisa. Alisema ni nususpishi, kwa lugha rahisi tawi la ukoo mmoja lililojitenga na kuanza kufanana na mahali linapoishi.

Kazi ya kutoa jina huonekana ndogo kwa asiyeijua. Mtafiti hukaa na wanyama waliohifadhiwa, akapima urefu wa mwili na mkia, akaangalia magamba, pembe na kichwa, akalinganisha mmoja na mwingine. Akimaliza huandika tofauti hizo kwa namna ambayo mtu mwingine, hata miaka mia baadaye, anaweza kuzihakiki. Mnyama akishapata jina anaweza kuhesabiwa, kutajwa katika sheria na kulindwa. Asiye na jina hutoweka bila mtu kujua kwamba kuna kitu kimepotea.

Miaka miwili baada ya makala ile, mwaka 1960, eneo la Kreta ya Ngurdoto lilitangazwa kuwa hifadhi ya taifa, na mwaka 1967 hifadhi ikapata jina la Arusha. Leo Mlima Meru uko ndani yake.

Kwa nini Meru awe na wake?

Mtoto mdadisi atauliza hivyo, na jibu lake ndilo moyo wa kazi ya mtaalamu wa mageuko ya viumbe.

Mlima Meru una kimo cha zaidi ya mita 4,500 kutoka usawa wa bahari, na umezungukwa na tambarare kavu. Juu kuna msitu, ukungu na baridi. Chini kuna jua, vumbi na majani makavu. Kinyonga aliyezoea msitu wa baridi hawezi kufunga safari ya kilomita nyingi kupita nyikani ili kufika mlima mwingine. Kwake mlima ni kama kisiwa, na tambarare ni bahari.

Wanyama wa kisiwa kimoja huzaana wao kwa wao. Tofauti ndogo zinazojitokeza, za umbo, rangi au pembe, hubaki hapo hapo na kurithishwa. Zile zinazosaidia kuishi au kupata mwenza huongezeka. Baada ya vizazi vingi sana, wa mlima huu hafanani tena na binamu yake wa mlima ule.

Kinyonga wa pembe tatu ana jambo jingine ambalo akina mama watalielewa haraka. Vinyonga wa nchi ya joto, kama yule wa kijani anayeonekana sana kwenye vichaka vya nyanda za chini, hutaga mayai na kuyafukia ardhini. Huyu wa mlimani hazai hivyo. Udongo wa mlima ni baridi mno, na mayai yangechelewa au kuharibika. Jike hubaki na mimba kwa miezi kadhaa na kuzaa watoto wakiwa hai. Mchana hupanda kwenye tawi lenye jua, akajipasha moto, na joto lake likawafikia walio tumboni.

Watoto wakizaliwa, kila mmoja akiwa amefunikwa na utando mwepesi, hujinyoosha, huupasua na kuanza kutambaa peke yao. Mama hawalishi wala hawalindi. Kazi yake yote ya ulezi ameshaimaliza kabla hawajazaliwa.

Mjusi mwenye baridi ni mwoga

Rand hakubaki na vinyonga. Kwa ajili ya shahada yake ya uzamivu alikwenda Jamaika kuchunguza mijusi wadogo wanaoitwa anoli, ambao huko wamejaa kwenye miti na kuta kama ilivyo kwa mijusi wa huku kwetu.

Mwaka 1964 alichapisha ugunduzi ambao mtoto wa darasa la tano anaweza kuuelewa. Alikuwa akimsogelea mjusi taratibu na kupima amebakiza umbali gani ndipo mjusi akimbie. Alipima pia joto la mwili wa mjusi huyo. Aliona kwamba mjusi mwenye baridi hukimbia mapema, mtu akiwa bado mbali. Mwenye joto humwachia mtu asogee karibu zaidi.

Sababu yake ni kwamba mjusi hupata joto la mwili kutoka nje, hasa juani. Akiwa na baridi misuli yake ni mizito na mbio zake ni fupi. Asipoondoka mapema atakamatwa. Akishapata joto ana uhakika wa miguu yake, kwa hiyo hana haraka. Woga wa mjusi, kumbe, ni hesabu ya kasi yake mwenyewe.

Mwaka huo huo Rand alieleza pia jinsi anoli wa Puerto Rico wanavyogawana mti mmoja. Wapo wanaokaa karibu na ardhi kwenye shina, wapo wa katikati, wapo wa juu kwenye matawi, na kati yao wapo wanaopenda kivuli na wanaopenda jua. Wanafanana kwa chakula lakini hawagombani sana kwa sababu kila mmoja ana ngazi yake. Kazi hiyo ikawa moja ya misingi ya utafiti mkubwa wa mageuko ya anoli unaoendelea mpaka leo.

Vifaa vyake havikuwa vya ajabu. Macho, daftari, kipimajoto, kamba ya kupimia na subira. Kwa mzazi anayedhani sayansi huanzia kwenye maabara ya gharama, hilo ni jambo la kulishika.

Iguana na mamba kisiwani

Mwaka 1964 Rand alijiunga na kituo cha utafiti cha Smithsonian nchini Panama, na huko ndiko alikofanyia kazi sehemu kubwa ya maisha yake. Kituo hicho kina kisiwa cha utafiti kinachoitwa Barro Colorado. Zamani kilikuwa kilima cha kawaida. Mto ulipozuiwa kwa ajili ya Mfereji wa Panama maji yakapanda, na kilele kikabaki kisiwa chenye msitu.

Jirani yake kuna kisiwa kingine kidogo sana, ambacho watafiti walikiita Slothia. Kila kiangazi iguana majike, mijusi wakubwa wa kijani, waliogelea hadi hapo kutaga. Walichimba mashimo, wakagombania nafasi, wakataga mayai kwa makumi, wakafukia na kuondoka. Rand aliandika kuhusu mkusanyiko huo mwaka 1968 na akaendelea kuurudia msimu hadi msimu.

Kisiwa hicho hicho kilitumiwa na mamba jike kutagia. Hapo watafiti waliona mama wa aina mbili kwenye mchanga mmoja. Mamba alibaki karibu na kiota chake na kuwafukuza iguana waliochimba jirani naye. Iguana, baada ya kufukia mayai, hakurudi kuyaangalia.

Swali likawa: watoto wa iguana, wasio na mama wala baba, wanaishije? Mwaka 1977 Rand na wenzake wawili, Gordon Burghardt na Harry Greene, walitoa jibu katika jarida la Science. Mvua zikianza, watoto huchungulia kutoka kwenye shimo, vichwa tu, wakatazama huku na huku. Hawatoki ovyo. Mmoja akitoka, wengine hufuata. Huondoka kwa vikundi, hutazamana, hugusana, na huvuka maji kwa pamoja kuelekea msitu wa kisiwa kikubwa.

Kabla ya hapo wengi walidhani mjusi mchanga ni kiumbe asiyejali mwenzake. Kazi hiyo ilionyesha kwamba hata pasipo mzazi, ndugu waliozaliwa pamoja wanaweza kulindana. Macho mengi humwona adui mapema kuliko macho mawili.

Rand alifanya pia kazi mashuhuri juu ya vyura wa Panama, akishirikiana na Michael Ryan. Waligundua kwamba dume anayeongeza milio ya ziada kwenye wimbo wake huwavutia majike zaidi. Ilibainika pia kwamba milio hiyo hiyo humwita popo anayekula vyura. Urembo una gharama yake, na gharama hiyo ndiyo huuwekea mpaka.

Alifariki dunia mwaka 2005. Orodha ya wanyama aliowachunguza ni ndefu, lakini jina alilolitoa kijanani kwa kinyonga wa Arusha bado linatumika, na popote linapoandikwa kwa ukamilifu hufuatwa na "Rand, 1958".

Neno la Kiswahili kwenye vitabu vya dunia

Somo hilo halikuishia kwa wageni wa zamani. Mwaka 2006 watafiti Colin Tilbury, Krystal Tolley na William Branch walipopanga upya ukoo wa vinyonga wa misitu ya Afrika Mashariki, walihitaji jina la kundi jipya. Walichagua Kinyongia, kutoka neno letu "kinyonga".

Mmoja wa kundi hilo, Kinyongia tavetana, ambaye dume wake ana pembe mbili bapa puani, anaishi Kilimanjaro na Meru. Mwingine, Kinyongia magomberae wa msitu wa Magombera mkoani Morogoro, alitangazwa mwaka 2009. Mtafiti alimwona kwa mara ya kwanza pale nyoka aliyeshtushwa alipomtapika mbele yake.

Mtoto wa Arusha akisikia kwamba wanasayansi wa Japani, Brazili na Ujerumani hulitamka neno la lugha yake kila wanapowataja wanyama hawa, huenda akamtazama kinyonga kwa jicho jingine.

Maswali matatu ya watoto

Mzazi hahitaji shahada ili kumjibu mtoto. Maswali mengi kuhusu kinyonga hujirudia.

La kwanza: kwa nini hubadilika rangi? Watu wengi hujibu kwamba anaiga mahali alipo. Kujificha kumo, lakini sehemu kubwa ya mabadiliko yale ni mawasiliano na joto. Dume akikutana na dume mwenzake hung'aa, akishindwa hufifia. Akiwa na baridi huwa mweusi ili kunyonya jua. Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Geneva, Uswisi, walionyesha kwamba ngozi ya kinyonga ina fuwele ndogo mno ambazo mnyama huzisogeza karibu au mbali, na rangi inayoakisiwa hubadilika.

La pili: pembe ni za nini? Kwa kinyonga wa pembe tatu, madume wawili wakigombea tawi au jike hukutanisha pembe na kusukumana mpaka mmoja aanguke au akubali kushindwa. Hazitumiki kumchoma mtu.

La tatu: mageuko yanaonekana kwa macho? Wakati mwingine ndiyo. Mwaka 1972 vinyonga wa pembe tatu kutoka Kenya, ndugu wa wale wa Meru, walipelekwa Hawaii kwa biashara ya wanyama wa kufugwa. Wachache, kama 36, waliachiwa bustanini na wakazaana mpaka wakaenea. Hawaii haina nyoka na ndege wengi wa kuwawinda kama Kenya. Mwaka 2022 watafiti wakiongozwa na Martin Whiting walichapisha matokeo yao: madume wa Hawaii sasa hung'aa zaidi wanapojionyesha kuliko wale wa Kenya. Adui akipungua, madaha huongezeka. Imechukua miaka 50 tu.

Mfano huo una upande wa pili. Vinyonga wale hawakuomba kupelekwa Hawaii. Biashara ya wanyama hai imewatoa vinyonga wengi Afrika Mashariki, na mwaka 2016 Serikali ya Tanzania ilisitisha usafirishaji wa wanyamapori hai kwenda nje. Kwa mnyama anayeishi mlima mmoja tu, kila msitu unaokatwa na kila gunia linalosafirishwa kwa siri huhesabika.

Mzazi afanye nini?

Jambo la kwanza ni kutenganisha hofu yenye sababu na ile isiyo na sababu. Tanzania haina kinyonga wala mjusi mwenye sumu ya kumdhuru mtu, ingawa kenge mkubwa akibanwa huuma na kuchapa kwa mkia. Nyoka ni habari nyingine. Mtoto afundishwe kwamba nyoka yeyote, mdogo au mkubwa, aliye hai au anayeonekana amekufa, haguswi. Anarudi nyuma taratibu na kumwita mkubwa.

Akiumwa, aketi na atulie, avuliwe pete, bangili au kiatu upande ulioumwa, kiungo kisichezeshwe, na akimbizwe hospitali. Jeraha halikatwi kwa wembe, halinyonywi kwa mdomo na halifungwi kamba ya kubana. Dakika zinazopotea kwa mambo hayo ndizo zinazogharimu maisha.

Jambo la pili ni kumpa mtoto kazi ya kutazama. Jaribio la Rand linaweza kurudiwa kwenye ukuta wa nyumba bila kumgusa mnyama. Mijusi wakubwa, wale ambao dume wana kichwa cha rangi ya chungwa na hupenda kuinua na kushusha kichwa juu ya mawe, wanafaa sana. Mtoto amsogelee mmoja saa moja na nusu asubuhi wakati wa baridi ya Julai, kisha ahesabu hatua zilizobaki mjusi anapokimbia. Arudie saa saba mchana. Aandike kwenye daftari tarehe, saa, hali ya hewa na idadi ya hatua. Baada ya wiki mbili atakuwa na jedwali lake mwenyewe.

Huenda matokeo yakafanana na ya Jamaika, huenda yasifanane. Yasipofanana, mzazi asiseme mtoto amekosea. Amuulize anadhani ni kwa nini. Mjusi aliyezoea watu wa nyumbani anaweza kuwa na hesabu nyingine, na mtoto akilifikia hilo mwenyewe amefikiri kisayansi.

Jambo la tatu ni kuacha wanyama mahali walipo. Kumkamata kinyonga na kumfungia ndani ya ndoo humuua kwa kiu na hofu, na sheria ya uhifadhi wa wanyamapori ya mwaka 2009 hairuhusu kukamata wanyamapori bila kibali. Kama kinyonga yuko barabarani, asogezewe kijiti apande mwenyewe, kisha awekwe kwenye kichaka upande aliokuwa anaelekea.

Jambo la nne ni kutoka na watoto. Makumbusho ya Elimu Viumbe yako katikati ya jiji, ndani ya Boma lililojengwa na Wajerumani mwaka 1900. Meserani, kwenye barabara ya kwenda Dodoma, kuna bustani ya nyoka ambako mtoto anaweza kuwaona nyuma ya kioo na kujifunza kuwatofautisha. Hifadhi ya Taifa Arusha iko umbali mfupi kutoka mjini, na kwa Mtanzania kiingilio chake ni kidogo kikilinganishwa na cha mgeni.

Mtoto akionyesha kwamba hamu yake si ya wiki moja, njia ya masomo ipo hapa hapa nchini. Biolojia, kemia na jiografia humfungulia mlango wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, Sokoine cha Morogoro au Chuo cha Mweka pale Kilimanjaro. Taasisi ya Utafiti wa Wanyamapori, TAWIRI, ina makao makuu Arusha. Taasisi ya Nelson Mandela ya Sayansi na Teknolojia nayo iko Arusha kwa wale watakaofika shahada za juu.

Wazee walisema mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Kinyonga wa Meru alipewa jina na kijana aliyelelewa maelfu ya kilomita kutoka mlima huo. Maswali mengi juu yake bado yanahitaji mtu wa kukaa msituni msimu baada ya msimu: wanaishi miaka mingapi porini, wanapanda mpaka kimo gani, msitu ukipungua wanahamia wapi. Mtu huyo anaweza kuwa mtoto wa Nkoaranga au Ngaramtoni ambaye jioni hii ameita, "Mama, njoo uone." Mama akienda na kuinama pamoja naye, hiyo ni dakika moja tu ya jioni yake.